Miezi Mitatu Chini ya Waya

Bibi yangu ana nyumba Kisauni lakini hana ardhi. Kama umekulia Mombasa, sentensi hiyo haikusumbui. Kama umetoka bara, huenda ukadhani nimekosea: kwani nyumba huelea? Haielei. Imesimama palepale tangu kabla mama yangu hajazaliwa, kuta za udongo ambazo baadaye zilipigwa plasta, paa la makuti ambalo baadaye likawa mabati. Nyumba ni ya bibi. Minazi ya uani aliipanda babu, kwa hivyo nayo ni ya bibi. Lakini udongo wenyewe ni wa mwenye shamba, na kila mwezi mtu wake huja kuchukua kodi ya ardhi. Bibi hulipa, hupewa risiti, risiti huingia kwenye mkebe wa biskuti. Mpango huu unajulikana mpaka mahakamani, na jina lake ni hilo hilo: nyumba bila ardhi.

Mwaka 2016, nikiwa darasa la nane, walikuja wanaume watatu waliovaa makoti ya kung'aa, wana vifaa vya kupimia na kopo la rangi nyekundu. Walikuwa na adabu. Walibisha hodi, wakakaribishwa, wakapewa maji. Kisha mmoja akauliza, "Mama, hapa mwenyewe ni nani?"

Bibi alijibu kama ambavyo mtu yeyote wa Kisauni angejibu. "Nyumba yangu. Shamba la fulani."

Wakaandika jina la fulani.

Kampuni siitaji, na mwenye shamba simtaji. Nataka tu ujue lililofuata. Miezi kadhaa baadaye mnara ulisimama nyuma ya nyumba yetu, wa chuma, miguu minne. Minazi minne ilikatwa. Jiko la nje lilibomolewa manake lilikuwa ndani ya njia ya waya. Mwenye shamba alilipwa. Bibi aliambiwa pole. Na mwezi uliofuata mtu wa kodi akaja kama kawaida, akachukua kodi ileile, ya ardhi ileile, pamoja na kile kipande ambacho sasa bibi haruhusiwi hata kupanda mwembe.

Kwa miaka mingi nilidhani kisa hiki ni cha ubahili wa mtu mmoja. Baadaye nikaanza kusoma. Mimi si wakili, hata chuo nilikiacha mwaka wa pili, lakini kusoma sikuacha. Nikagundua kwamba lile swali la yule saveya, "hapa mwenyewe ni nani?", lina zaidi ya miaka mia moja, na kwamba jibu la bibi lilikuwa limeshaandikwa kabla hajazaliwa.

*

Tuanze na stima yenyewe, kwa sababu hadithi yake inaanzia mahali ambapo hukutarajia: kwa Sultani. Historia ambayo kampuni ya umeme ya Kenya husimulia kujihusu inasema kwamba mwaka 1875 Seyyid Barghash wa Zanzibar alipata jenereta ya kuwashia taa kasri lake na mitaa ya karibu. Mwaka 1908 jenereta hiyo ikanunuliwa na mfanyabiashara wa Mombasa, Harrali Esmailjee Jeevanjee, na hapo ikazaliwa kampuni ya kwanza ya umeme mjini, Mombasa Electric Power and Lighting Company. Kazi yake ilikuwa kuwasha kisiwa. Sisi wa ng'ambo hatukuwamo. Mwaka 1922 kampuni hiyo iliungana na mwenzake wa Nairobi zikawa East African Power and Lighting, na mwaka 1983 jina likabadilishwa likawa Kenya Power and Lighting Company, hii tunayoijua. Kazi ya minara mikubwa mipya ilianza kugawanywa mwaka 2008, serikali ilipoanzisha KETRACO.

Sasa ushike huo mwaka 1908. Kwa sababu mwaka uo huo, Mombasa ilipata kitu kingine.

Pwani ya maili kumi ilikuwa ya Sultani, na kuanzia 1895 Waingereza waliitawala kwa niaba yake, kwa malipo ya kila mwaka. Waingereza walitaka kujua kila kipande cha ardhi ni cha nani, ili kiuzike na kukopewa pesa. Kwa hivyo mwaka 1908 wakatunga Sheria ya Hati za Ardhi. Ilisema hivi, kwa ufupi: mwenye kudai ardhi na aje mbele ya ofisa, alete ushahidi wake, akishinda apewe hati. Ardhi isiyodaiwa na mtu itakuwa ya Taji la Uingereza.

Ikionekana kwa mbali, sheria hiyo ni ya haki. Mlango uko wazi, kila mtu aingie. Lakini tazama ni nani aliyekuwa Kisauni wakati ule. Kisauni ilikuwa mashamba ya watu wa mjini, Waarabu na Waswahili wa kisiwani, na kwenye mashamba hayo kazi ilifanywa na watumwa. Utumwa haukuwa jambo la kale. Serikali ya Waingereza iliufuta kisheria katika ukanda wa Sultani mwaka 1907. Yaani mtu ameachwa huru mwaka 1907, bado anaishi kwenye kibanda chake, analima kipande chake kwa makubaliano na bwana wake wa zamani, halafu 1908 anaambiwa: haya, nenda ofisini ukathibitishe kwamba ardhi ni yako. Athibitishe na nini? Na Wamijikenda, ambao kwao ardhi ilikuwa ya ukoo na mipaka ilikuwa kumbukumbu za wazee, wangeleta karatasi gani?

Mwanahistoria Frederick Cooper aliandika kitabu kizima juu ya jambo hili, From Slaves to Squatters, kilichotoka mwaka 1980. Hoja yake imo kwenye jina la kitabu: watumwa waligeuzwa maskwota. Wakabaki walipokuwa, wanapanda, wanavuna, wanajenga, lakini sheria haikuwatambua kuwa na chochote chini ya miguu yao. Wenye hati nao wengi waliuza, na hati zikaanza kusafiri kutoka mkono hadi mkono, kwa watu ambao pengine hata hawajui Kisauni ina harufu gani mvua inaponyesha.

Na kwa kuwa mtu lazima aishi mahali, watu wa pwani wakaendelea na utaratibu wao: wewe una udongo, mimi nina nyumba na miti, tuelewane kodi. Sheria ya Kiingereza husema kilichoshikamana na ardhi ni cha mwenye ardhi. Desturi ya pwani husema la, mnazi ni wa aliyeupanda, na nyumba ni ya aliyeijenga. Hizo sheria mbili zimekuwa zikiishi pamoja Kisauni kama wapangaji wawili wasiosalimiana.

Uhuru ulipokaribia, jambo hili lingeweza kufunguliwa upya. Halikufunguliwa. Mwezi wa Oktoba 1963, Jomo Kenyatta na Mohamed Shamte, waziri mkuu wa Zanzibar, walibadilishana barua kuhusu ukanda wa pwani kujiunga na Kenya. Miongoni mwa ahadi zilizowekwa ni kwamba hati za umiliki wa ardhi zilizokwisha kusajiliwa pwani zitatambuliwa wakati wote. Sultani aliachia bendera. Hati zikabaki.

*

Sasa mlete yule saveya na kopo lake la rangi.

Laini kubwa ya stima hainunui ardhi. Kampuni inachotafuta ni haki ya kupitisha nyaya tu: shamba linabaki la mwenyewe, hati inabaki yake, ila kuna ukanda ambao hawezi kujenga wala kupanda mti mrefu. Kwa laini ya kilovolti 132, ukanda huo una upana wa mita 30. Kwa 220 ni mita 40, na kwa 400 ni mita 60. Mita 30 ni kama futi 98. Viwanja vingi vya mtaani kwetu havina upana huo. Kwa hivyo huko kwenye maeneo makubwa ya wazi waya hupita shambani, lakini Kisauni hupita juu ya maisha ya mtu mzima mzima.

Nisiwe mwongo: mwenye hati naye huumia. Umenunua kiwanja kwa mkopo, unataka kujenga ghorofa, siku moja unakuta mguu wa mnara katikati. Ndiyo maana kesi nyingi za minara zilizofika mahakamani Kenya ni za wenye hati. Mwenye ardhi anasema, sikuulizwa, sikutia sahihi. Kampuni inasema, laini ni ya umma, na mbona umekaa miaka yote hii bila kulalamika, muda wa kushtaki umepita. Mara nyingi majaji wamejibu kwamba mnara uliowekwa bila idhini ni uvamizi unaoendelea: kila siku unaposimama pale ni kosa jipya, kwa hivyo saa ya mwenye ardhi haiishi upesi. Kampuni nazo zimejifunza kujibu kwamba mahakama ya ardhi si mlango wa kwanza, kwamba malalamiko ya njia za nyaya yaanzie kwa mamlaka inayosimamia nishati, kisha baraza maalumu la kesi za nishati. Walalamishi kadhaa wameambiwa na jaji, baada ya kulipa wakili, kwamba warudi nyuma wakaanze kule.

Na nisiwe mwongo upande wa pili pia. Stima lazima ipite mahali. Laini ya kutoka Nairobi kuja Mombasa, kilomita 482, iliwashwa mwaka 2017 baada ya kucheleweshwa mno, na moja ya sababu ilikuwa mabishano ya fidia na wenye ardhi njiani. Kila mwezi wa kuchelewa, kuna mtu Mombasa ambaye stima yake inakatika akiwa anashona, ananyoa, au ananyonyesha mtoto gizani. Sisemi minara isijengwe. Nasema tuulize vizuri ni nani anayelipia.

Kwa sababu hapa ndipo nilipokwama siku ya kwanza niliposoma sheria yenyewe, nikiwa kwenye simu, ndani ya matatu, nikapitiliza kituo.

Sheria ya Nishati ya mwaka 2006, iliyokuwa ikifanya kazi mnara wetu uliposimama, inataka kampuni ipate ruhusa ya mwenye ardhi na impe notisi ya maelezo ya kazi. Mwenye ardhi anaweza kukubali kwa maandishi, kwa fidia watakayoelewana, na akishakubali, makubaliano yake yanawafunga wote wenye maslahi kwenye ardhi ile. Soma tena hapo: wote. Bibi yangu alifungwa na sahihi ambayo hakuiona.

Lakini sentensi haikuishia hapo. Kuna kifungu kidogo kinachoning'inia chini yake. Kinasema kwamba mkaaji, au mtu mwingine yeyote mwenye maslahi kwenye ardhi ile asiye mmiliki, ana haki ya kulipwa kwa hasara au uharibifu alioupata kwa sababu ya ujenzi wa laini. Ilimradi awasilishe dai lake ndani ya miezi mitatu baada ya ujenzi.

Miezi mitatu.

Yaani tangu mwanzo sheria ilikuwa na maswali mawili. La kwanza: ardhi ni ya nani? La pili: aliyepata hasara ni nani? Yule saveya aliuliza la kwanza tu. Bibi naye, kwa adabu yake na kwa miaka yake yote ya kujua kwamba shamba si lake, akajibu la kwanza tu. La pili hakuna aliyelitamka pale uani. Hata mimi niliyekuwa nimesimama pale na jagi la maji sikujua kwamba lipo.

Na si mlango wa pekee. Katiba ya 2010, kifungu cha 40, inalinda mali na kutaka fidia ya haki ilipwe haraka, kisha inaongeza kwamba utaratibu unaweza kuwekwa wa kuwalipa wakaaji wa nia njema wasio na hati, pale serikali inapotwaa ardhi. "Unaweza." Neno jepesi hilo. Tena kupitisha waya si kutwaa, kwa hivyo wakili hodari ana pa kupenyea. Sheria ya Ardhi ya 2012 ina maneno mazito zaidi: kuhusu njia za nyaya, inazungumzia fidia kwa mtu anayeikalia ardhi kihalali au anayeikalia kwa hakika, na inataja uharibifu wa miti, mimea na majengo. Miti! Kwa mara ya kwanza nikaona sheria ya Nairobi ikizungumza na minazi ya babu.

*

Mjomba wangu ndiye aliyehangaika. Alianza kwa mwenye shamba, ambaye alimwambia zile pesa ni za ardhi, za minazi aulize kampuni. Akaenda kwa kampuni, akaambiwa malipo ya kiwanja kile yamekwisha kutolewa, amwone mwenye kiwanja. Akaenda kwa mzee wa mtaa, mzee wa mtaa akampeleka kwa chifu, chifu akaandika barua. Barua ikakaa. Kukawa na Ramadhani, kukawa na Idi, shule zikafunguliwa. Mwisho akachanga pesa akamwona wakili mjini.

Wakili hakuuliza hapa mwenyewe ni nani. Aliuliza, "Mnara ulisimama lini?"

Mjomba hakuwa na tarehe. Alijua ni kabla ya Ramadhani. Wakahesabu pamoja, ikatoka miezi saba.

Wakili alikuwa mtu mwema. Alisema bado kuna la kujaribu kwa Sheria ya Ardhi, lakini itabidi alipwe mthamini, itabidi kuthibitisha kwamba minazi ilikuwa minne, na wala hakuna picha hata moja. Akapiga hesabu kwenye karatasi. Gharama ilizidi minazi na jiko kwa pamoja. Mjomba akamshukuru, akarudi na tuktuk, akamwambia bibi mambo yanaendelea. Hayakuwa yanaendelea. Nadhani bibi alijua.

Ukiniuliza nimejifunza nini, nitakwambia hili: mwenye hati ana wakati, asiye na hati ana tarehe ya mwisho. Mnara mmoja, uwanja mmoja. Mwenye hati anaweza kuja baada ya miaka na jaji akamwambia uvamizi bado unaendelea. Mwenye nyumba, ambaye waya unavuma juu ya kitanda chake kila siku ya unyevunyevu, aliambiwa na sheria ahesabu siku tisini hivi, bila mtu kumwambia kwamba saa imeshaanza. Huo ndio mwaka 1908 ninaouzungumzia. Siku hizi hakuna anayekuja na bunduki wala na ofisa wa Taji. Ni ule ule utaratibu wa "njoo ofisini uthibitishe", na wale wale wasiopata habari mpaka mlango umefungwa.

Sheria ya 2006 imefutwa. Mwaka 2019 Bunge lilipitisha Sheria mpya ya Nishati. Mwaka uo huo sheria za thamani ya ardhi nazo zilirekebishwa, na baraza jipya la kusikiliza malalamiko ya utwaaji wa ardhi likaundwa. Nilikwenda moja kwa moja kutafuta kile kifungu kinachoning'inia. Bado kipo. Mkaaji bado ana haki yake. Na bado ni miezi mitatu.

Kwa hivyo, ikiwa wewe ni mtoto wa nyumba bila ardhi, iwe Mishomoroni, Mtopanga, Likoni au Changamwe, una simu mkononi ambayo mjomba wangu hakuwa nayo mwaka ule. Piga picha miti ikiwa bado imesimama. Piga picha jiko. Risiti za kodi zipige picha moja moja, manake ndizo zinazoonyesha kwamba unakaa pale kwa ruhusa na si kwa wizi. Siku mnara unaposimama, andika tarehe. Akija mtu kuuliza mwenyewe ni nani, mjibu, halafu mwambie na swali la pili, na umtake aandike jibu lake pia.

Mwezi uliopita nilikwenda Kisauni Ijumaa, kula wali wa nazi. Siku hizi nazi tunanunua dukani. Bibi alinionyesha ukuta wa jirani, nyumba ya tatu kutoka kwetu: kuna alama nyekundu, mbichi, mshale na namba. Hakuna aliyejua ni ya barabara, ya maji au ya stima. Jirani alikuwa ameanza kuifuta kwa maji na sabuni, bibi akamkataza.

Kisha akanipa shilingi mia na kunituma dukani nikanunue daftari. Nikamuuliza kubwa au ndogo.

"Kubwa," akasema. "Na kalamu mbili."